Historia ya Pudensiana Lusambo, Pamoja na Sahihisho Lake

Baba Paroko, viongozi wetu wa mtaa wa Majengo, wanahabari mliosafiri siku mbili kuja kumsindikiza mwenzenu, wakwe zetu wa Katumba, majirani wa Kakese, na nyie nyote mlioketi chini ya maturubai haya pamoja na mliokosa viti, familia imemkabidhi Gervas Sylvanus Lusambo, mdogo wake marehemu, mkulima wa mpunga wa Kakese, kazi ya kusoma historia hii, naye ameipokea kwa sababu hakuwa na pa kukimbilia, maana dada mwenyewe ndiye aliyemteua kwa maandishi, na tangu wakiwa watoto hakuna aliyewahi kumshinda dada huyo kwa ubishi.

Jambo moja lisemwe mapema ili mtu asishtuke katikati. Historia hii haikuandikwa na familia, ameiandika marehemu, kurasa nne, kwa mkono wake, akiwa kitandani mwezi wa nne mwaka huu, akaacha wazi nafasi ya habari za kufa kwake tu ili familia ijaze, na msomaji akaruhusiwa kueleza panapohitaji maelezo, na ndani yake iko aya moja aliyoiita Sahihisho, inayohusu kosa aliloandika gazetini mwaka 1996, na kosa hilo liliingia moja kwa moja katika nyumba ya huyu anayesoma, likamgusa mkewe Annonciata, likamgusa na binti aliyekulia humo, Vénérande. Jana alasiri kikao cha familia kilikaa saa tatu nzima kikibishana kama aya hiyo isomwe au irukwe, wazee wakasema irukwe, vijana wakatazamana, na kilichoamuliwa mtakisikia mahali pake, kwa kuwa marehemu aliagiza kila kitu kisomwe kwa mpangilio wa tarehe.

Marehemu Pudensiana alizaliwa siku ya Jumatatu, tarehe 14 Machi 1966, kijijini Mwese, mtoto wa pili kati ya watano wa Mzee Sylvanus Lusambo na Mama Generosa, ambao wote wametutangulia, wakati huo Mpanda ikiwa mkoa wa Tabora, akasoma Mpanda ikiwa mkoa wa Rukwa, na leo anazikwa Mpanda ikiwa mkoa wa Katavi, kwa hiyo hata kabla hajatoka nyumbani alikuwa ameshaanza kuhama mikoa. Mama alikuwa akisimulia kwamba mtoto huyu alitembea akiwa na miezi tisa, na tangu siku hiyo kumkalisha ikawa kazi ya watu wawili. Alipokuwa na miaka sita alipotea kutwa nzima, kijiji kikatoka na mapanga kumtafuta porini, akakutwa katika jiko la wakimbizi wa Kinyarwanda waliopewa ardhi kule Mwese tangu miaka ya sitini, amesimama katikati ya akina mama wa watu, anawauliza maswali kwa lugha yao. Alichapwa ipasavyo, na kesho yake akarudi kulekule. Lugha hiyo aliyoichota jikoni kwa watu ndiyo iliyokuja kumpa mkate, maana aliyekulia Kinyarwanda, Kirundi hakimpi shida.

Kuhusu elimu, alianza Shule ya Msingi Mwese mwaka 1974 na kumaliza darasa la saba mwaka 1980, akachaguliwa kwenda sekondari ya wasichana Tabora, akashuka milima kwa miguu na kwa lori la mbao hadi stesheni ya Mpanda, baba akiwa mbele na sanduku la bati, yeye nyuma akihesabu madaraja. Ripoti zake za shule zipo mpaka leo, Kiswahili wa kwanza, Historia wa kwanza, na kwenye mstari wa tabia mwalimu mkuu aliandika neno moja miaka minne mfululizo, kwamba hatulii. Alimaliza kidato cha sita mwaka 1987, akaenda Jeshi la Kujenga Taifa mwaka mmoja, ambako yeye mwenyewe alisema ndiko mahali pekee alikowahi kuchoka, kisha akajiunga na chuo cha uandishi wa habari Dar es Salaam kuanzia mwaka 1988 hadi 1990.

Akiwa chuoni, mwezi wa nane mwaka 1989, alitumwa kwa mafunzo kuandika habari za tumbaku ya Katumba, na huko akakutana na mwalimu mmoja wa shule ya msingi, Antoni, mtoto wa wakimbizi wa Burundi wa mwaka 1972, ambaye alimwambia angejibu maswali yake yote ila kwanza akae, na marehemu akamwambia maswali yenyewe ni matatu tu, hayana haja ya kiti. Walibishana juu ya kiti hicho miaka miwili, na Jumamosi ya tarehe 5 Oktoba 1991 wakafunga ndoa takatifu hapa Mpanda, wakisimamiwa na rafiki kipenzi wa Antoni, Pacifique wa Katumba, pamoja na mkewe Annonciata. Mungu aliwajalia watoto wawili, Goreth, aliyezaliwa tarehe 11 Agosti 1992, na Yohani, aliyezaliwa tarehe 23 Januari 1994, na kwa kuwa mama yao alikuwa kiguu na njia, shemeji Antoni ndiye aliyewapeleka kliniki, akawasuka, akawafulia sare, akachekwa na wanaume wenzake kilabuni, naye akawajibu kwamba kuna waliooa wake na kuna waliooa gazeti, yeye yamempata yote mawili kwa mahari moja.

Kazi yake ilianza tarehe 1 Julai 1990 katika gazeti la Upeo, Dar es Salaam, akiripoti bei za sokoni na kesi za mahakama za mwanzo, kazi ambayo ilimchosha mapema kwa sababu wahusika wote walikuwa wanakaa. Mwezi wa kumi mwaka 1993, nchi ya jirani ilipochafuka na watu wakaanza kuvuka mpaka kwa maelfu, mhariri aliingia chumba cha habari kuuliza nani anajua Kirundi, na waliokuwepo wanasema mkono wa Pudensiana ulikuwa juu kabla swali halijaisha. Tangu hapo alikuwa mwandishi wa nje, kituo chake Kigoma, lakini kituo ni neno tu, leo Bujumbura, kesho Uvira, keshokutwa Kigali, anasoma habari zake kwa simu ya posta huku foleni nyuma yake inanung'unika, mkoba mmoja, viatu jozi moja, na kila akija nyumbani anakula amesimama mlangoni. Aliwawahi wengi. Magazeti mengine yalikuwa yakisubiri Upeo litoke ndipo yajue kilichotokea, na sifa hiyo ya kuwahi ilimkaa kichwani kama pombe, tuseme ukweli, maana yeye mwenyewe ameuandika hapa.

Sasa tumefika mwaka 1996, na ndipo ilipo ile aya. Jana kwenye kikao, wazee walipokwisha kusema irukwe, na Gervas naye akasema irukwe, aliyeomba nafasi ni Annonciata, ambaye alikuwa amesomewa aya hiyo mara moja tu, akasimama, akajifunga kanga vizuri, akasema: "Nilimlilia akiwa hai. Niachieni nimlilie sasa akiwa amekufa." Basi hapakuwa na mjadala tena, na inasomwa kama ilivyo.

"Sahihisho. Katika toleo la Jumamosi, tarehe 15 Juni 1996, ukurasa wa kwanza, niliandika kwamba Pacifique, mkazi wa Katumba, ni mmoja wa watu saba waliouawa katika gari la abiria kusini mwa Burundi siku ya Jumatano, tarehe 12. Si kweli. Maiti saba zilikuwa zimelazwa kando ya barabara na kufunikwa mashuka. Nilipewa karatasi zilizokutwa mifukoni mwao, nikanakili majina, na katika mfuko mmoja kulikuwa na kibali cha kutoka Katumba chenye jina la Pacifique. Nilijua kwamba watu wa Katumba huazimana vibali, mume wangu mwenyewe alishaazima chake mara mbili. Nilimjua Pacifique kwa sura, alinisimamia ndoa. Ningeinama na kufunua shuka, ningejua. Dereva alikuwa amewasha gari, nami nilitaka kuwahi simu kabla ofisi haijafungwa. Sikuinama."

Hapa inabidi vijana waelezwe, kwa sababu wengi wenu mmezaliwa raia na hamjui kibali ni nini. Zamani hizo mkazi wa Katumba hakuruhusiwa kutoka makazini bila karatasi ya ruhusa, na karatasi yenyewe haikuwa na picha, jina tu na muhuri, hivyo aliyepata aliwaazima wenzake kama wanavyoazimana baiskeli, mtu anakwenda Tabora anaitwa Fulani, akirudi nyumbani anakuwa yeye tena. Kila mtu alijua. Askari wa vizuizini walijua, padre alijua, na Pudensiana, aliyeolewa na mtu wa humo, alijua kuliko mwandishi yeyote katika nchi hii, ndiyo maana kosa lenyewe halikumpa nafasi ya kujitetea.

Gazeti lile lilifika Mpanda kwa treni siku ya Jumanne, tarehe 18 Juni 1996, likasomwa kwa sauti pale stesheni, na kabla ya mchana habari ilikuwa imefika Katumba. Annonciata alikuwa na mtoto wa mwaka mmoja na miezi minne, huyu Vénérande, aliyezaliwa tarehe 2 Februari 1995. Mwili haukuletwa, matanga yakafanyika hivyo hivyo, watu wakalala chini siku nne, na Gervas, aliyetumwa na familia kupeleka mchele wa msiba, alianza kupeleka mchele na mwezi uliofuata, na mwezi uliofuata tena, mpaka majirani wakaanza kukohoa kila akipita. Hakuna haja ya kuficha, alimpenda yule mama sana, alimpenda hata alipokuwa analia. Jumamosi ya tarehe 26 Septemba 1998 walifunga ndoa, na kwa kuwa hakukuwa na cheti cha kifo, kilichowekwa katika faili kuthibitisha kwamba bibi harusi ni mjane kilikuwa kipande cha gazeti la Upeo, ukurasa wa kwanza, kilichokatwa kwa mkasi na wifi yake mwenyewe, Pudensiana.

Aya inaendelea. "Jumatatu, tarehe 19 Juni 2000, nikiwa kazini Kalemie, ng'ambo ya ziwa, nilimkuta Pacifique sokoni, fundi cherehani. Kibali chake alikuwa amemwazima rafiki aliyetaka kumwona mama yake mgonjwa, na yeye alikuwa amevuka ziwa kwa biashara bila karatasi yoyote. Vita vilifunga njia, kisha akasikia kwamba ameshafanyiwa matanga, kisha akasikia kwamba mkewe ameolewa, akabaki. Aliponiona alicheka. Aliniambia: Kumbe ni wewe uliyeniua. Aliniuliza kama Annonciata ni mzima na mtoto anaongea lugha gani, nikamweleza yote, akamaliza pindo la suruali ya mteja, akasema mwenye kalamu ni mimi, nifanye nitakavyoona. Nilirudi nyumbani na sahihisho la mistari kumi na moja. Nikafikiri peke yangu, nikaona litabomoa nyumba ya mdogo wangu, nikalificha, na hakuna aliyejua isipokuwa mimi. Pacifique alifariki Kalemie siku ya Alhamisi, tarehe 9 Februari 2012, baada ya kuugua kifua kwa miezi mitatu, nikawahi kumzika, na pale kaburini hakukuwa na mtu wa kusoma historia yake. Kosa la kwanza lilikuwa la haraka, la pili la kukusudia, na yote mawili ni yangu." Mwisho wa aya.

Tuendelee na kazi, maana hakuacha kufanya kazi. Baada ya mwaka ule wa 2000 ndipo dada yetu alipokuwa hashikiki kabisa, akaomba kila kituo ambacho wenzake walikikataa, Kinshasa, Juba, kisha Nairobi tangu 2003 hadi 2008 akiwa mwakilishi wa gazeti kwa Afrika Mashariki nzima, na kila alipopata mwanya alipitia Kalemie, sisi tukidhani ni kazi, kumbe alikuwa anapeleka nyuzi na sindano za cherehani. Alipata tuzo mbili, moja aliisahau uwanja wa ndege. Akija Mpanda kwa likizo ya wiki mbili, siku ya nne anaanza kuulizia treni, na Mama Generosa, Mungu amrehemu, alifariki akiamini kwamba mwanawe karogwa miguu.

Tarehe 2 Machi 2009 aliteuliwa kuwa mhariri wa habari za kimataifa, na tarehe 1 Oktoba 2013 mhariri mtendaji, nafasi aliyoishika hadi alipostaafu kwa hiari tarehe 31 Desemba 2017. Wanahabari waliopo hapa watatuunga mkono kwamba alikuwa mhariri wa kuogopwa, hakuwa na dogo, alikuwa akizunguka meza za watu tangu asubuhi mpaka gazeti linaingia mtamboni, na mtu akileta habari ya kifo, iwe ya waziri, iwe ya mvuvi, alimuuliza swali moja tu, "Umefunua shuka?" Waliomzoea wakageuza swali hilo kuwa utani wa ofisi, wakaandikiana kwenye kadi za kumuaga, na yeye alicheka nao. Leo mmejua lilikotoka. Vilevile ndiye aliyeanzisha kona ya masahihisho katika ukurasa wa pili, ambayo wenye gazeti waliiona aibu, akawaambia atakayeifuta aifute na jina lake kwanza.

Mwaka 2018 alirudi nyumbani, hapa Majengo, akasema sasa amekuja kukaa, nasi tukajifanya tumeamini. Miezi sita haikupita alikuwa anapanda bodaboda kwenda Mwese, kwenda Mishamo, kwenda kwa wafugaji wa Kisukuma kusikiliza kesi za ng'ombe, akawafundisha vijana wa redio za hapa jinsi ya kuuliza jina mara tatu, bila malipo na bila huruma. Shemeji Antoni alikuwa amepata uraia, amestaafu ualimu, ana kiti chake kizuri kwenye baraza, na alitumaini watakaa wawili, lakini kiti cha pili kilikaliwa zaidi na wageni.

Kuhusu ugonjwa, mwezi wa kumi mwaka 2022 aligundulika kuwa na kisukari kilichokwisha kuharibu figo, akasafirishwa mara kadhaa kwenda kusafishwa damu, na kuanzia Januari mwaka huu akawa mtu wa kulazwa na kuruhusiwa, kulazwa na kuruhusiwa, katika hospitali ya mkoa, ambako muuguzi wake alikuwa Vénérande, ambaye ndiye aliyemwekea dripu, akamgeuza, akamwogesha, akamkatalia kutoroka wodini mara mbili, na ndiye aliyemtafutia hizi karatasi za kuandikia pasipo kujua nini kinaandikwa. Alikuwa akimwita shangazi, na marehemu kila akiitwa hivyo alikuwa anageukia ukutani, mtoto wa watu akidhani ni maumivu. Siku ya Jumanne, tarehe 17 Juni 2025, saa nne asubuhi, Goreth, Yohani na baba yao wakiwa kando ya kitanda, dada yetu aliomba avalishwe viatu, akavalishwa, na nusu saa baadaye akatutoka, akiwa na umri wa miaka hamsini na tisa, miezi mitatu na siku tatu.

Historia aliyoiandika marehemu inaishia hapo, na mnaweza kuona karatasi ya nne imeisha. Kinachofuata si chake.

Marehemu alitufundisha kwamba kosa likionekana linasahihishwa mahali palepale lilipotangazwa, na katika aya yake iko sentensi moja ambayo si kweli. Ameandika kwamba alifikiri peke yake na kwamba hakuna aliyejua isipokuwa yeye. Gervas Sylvanus Lusambo, anayesoma mbele yenu, alijua. Alijua tangu Jumamosi, tarehe 1 Julai 2000, saa tatu asubuhi, maana marehemu alishuka treni ya kutoka Kaliua akaja Kakese moja kwa moja na vumbi lake, akamkuta yuko peke yake ghalani anashona magunia, Annonciata akiwa amempeleka mtoto wao wa kwanza kliniki, akampa karatasi ya mistari kumi na moja na kumwambia habari hiyo inatoka Jumatano, amekuja kumwambia yeye kwanza kwa sababu ni damu yake. Gervas aliisoma mara mbili. Alijua maana yake, kwamba mke si wake, mtoto wa kwanza hajulikani atahesabiwa wapi, na Vénérande, aliyekuwa ameshazoea kumwita baba, ana baba mwingine sokoni Kalemie. Akamwambia: "Dada, mtu huyo ameshaliliwa." Akapiga magoti, akamshika miguu, akamwambia akiichapisha hana mdogo tena, kisha akaichukua karatasi ile akaitia kwenye jiko la mkaa. Marehemu angeweza kuiandika upya kwa dakika tano, aliikumbuka yote kwa kichwa. Alichofanya ni kukaa juu ya gunia la mpunga, yeye ambaye hakuna aliyewahi kumkalisha, akakaa hapo hadi Annonciata aliporudi, akambeba mtoto, akamsifia, na Jumatatu yake akaondoka.

Na si hilo peke yake. Mwezi wa kwanza mwaka 2012 marehemu alipiga simu kutoka Kalemie, akasema Pacifique yuko katika siku zake za mwisho, na kwamba haombi gazeti tena wala haombi mke wa mtu arudishwe, anaomba binti aletwe aonwe na baba yake, nauli atatuma yeye, wanaweza kumwambia mtoto uongo wowote watakaoutaka. Vénérande alikuwa na miaka kumi na sita, yuko kidato cha tatu, yuko nje ya nyumba anapepeta mchele, anaonekana dirishani. Gervas aliikata simu. Ilipopigwa tena aliizima, akaizima wiki tatu, na alipoiwasha kulikuwa na ujumbe mmoja tu wenye tarehe, tarehe 9 Februari. Alimlea mtoto huyu kwa haki, alimsomesha hadi uuguzi, hakumpiga hata kibao, na wengi mtasema hilo lihesabiwe. Yeye mwenyewe amelihesabu mara nyingi na halijawahi kutosha. Alikuwa mwoga, basi, na dada yake akabeba woga huo miaka ishirini na tano akiuzungusha nchi hadi nchi, na kitandani akauandika kuwa ni wake.

Leo asubuhi, kabla mwili haujaletwa, Gervas aliwaita Annonciata na Vénérande nyuma ya jiko akawaeleza haya yote, ili wasiyasikie kwanza kwenye kipaza sauti. Vénérande aliuliza kitu kimoja, kama yule baba alikuwa akimwulizia kwa jina, na Gervas akamjibu kwamba hajui, kwa sababu alikata simu. Annonciata alikwenda kukaa na akina mama wenzake, na ndiko aliko mpaka sasa. Mambo ya ndoa Baba Paroko ameshaambiwa, yatakwenda kanisani kwa utaratibu wake.

Kwa niaba ya familia, tunawashukuru madaktari na wauguzi wa hospitali ya mkoa na wa kule alikokuwa akisafishwa damu, waliomvumilia mgonjwa asiyevumilika, tunawashukuru majirani wa Majengo kwa maji, kuni na vyombo, jumuiya ndogondogo kwa sala, gazeti la Upeo kwa jeneza na usafiri, vijana wa redio ambao wamelala hapa siku tatu, na wakwe zetu wa Katumba, ambao wangekuwa na haki ya kutokuja na wamekuja. Hatukuweza kuwataja wote, mtusamehe.

Marehemu ameacha mume, Mwalimu Antoni, watoto wawili, Goreth na Yohani, wajukuu watatu, ndugu wawili, wifi yake Annonciata, na katika ile karatasi ya ratiba mliyogawiwa mlangoni, mstari wa tisa, pameandikwa pia Vénérande Gervas. Mwenye kalamu akate hapo, aandike Vénérande, binti wa Pacifique.

Dada, uliyoyaandika yamesomwa, na uliyoyaficha kwa ajili yangu yamesomwa pia. Pumzika kwa amani.